Je, Kucheka Ni Kumsahau Marehemu?

Leo twataka kutafakari pamoja nanyi swali moja tuliloulizwa na mama mmoja wa Bijombo. Tuliulizwa ndani ya mtumbwi, katikati ya matete ya Ziwa Tanganyika, na siku ile hatukuwa na jibu zuri. Tangu hapo swali limetufuata nyumbani, shambani na kanisani. Tukiliandika hapa si kwa sababu sisi ni wenye elimu kubwa, bali kwa sababu twadhani wengi wenu mnalo swali hilohilo moyoni, ila hamjapata wa kumwuliza.

Mama alisema hivi: “Mwalimu, nimecheka. Mwanangu yuko kaburini, tena kaburi lake sijaliona, nami nimecheka kama mtoto. Je, nimefanya dhambi?”

Siku yenyewe

Kwanza tueleze jinsi mambo yalivyokuwa.

Tarehe 18 Agosti 2024, siku ya Dominika, Kardinali Fridolin Ambongo, Askofu Mkuu wa Kinshasa, aliwatangaza Wenye Heri wafiadini wanne pale Uvira kwa jina la Baba Mtakatifu: Padri Luigi Carrara, Padri Giovanni Didonè na Bruda Vittorio Faccin wa Shirika la Wasaveri, pamoja na Abbé Albert Joubert, padri wa hapahapa Kongo. Wote waliuawa siku moja, tarehe 28 Novemba 1964, huko Baraka na Fizi. Watu wengi walikuja Uvira kwa sherehe hiyo, wengine kwa gari, wengine kwa boti, na sisi wa milimani kwa miguu.

Baada ya sherehe vijana wetu waliomba jambo moja. Walisema: “Mwalimu, tumefika hadi chini. Tusirudi juu bila kuligusa ziwa.” Basi Jumanne yake, tarehe 20, tulikodi boti la mbao lenye injini ili tukae siku moja ufukweni. Tulikuwa watu 22: vijana, wazee wawili, na akina mama kadhaa waliokuwa wamekimbia kutoka milimani na kukaa Uvira kwa ndugu zao. Mama yule alikuwa mmoja wao.

Mtu asiyejua nchi yetu atashangaa kusikia kwamba wengi wetu hatukuwa tumeligusa ziwa. Bijombo iko juu ya milima ya Uvira, zaidi ya meta 2,000 juu ya usawa wa bahari, na ziwa liko chini kabisa, kwenye meta 770 hivi. Sisi watu wa juu twaliona tangu utoto. Mchana huonekana kama sahani ya bati iliyosahauliwa juani, na usiku usio na mwezi huonekana taa za wavuvi wa ndagala, nyingi kama nyota zilizoshuka bondeni. Lakini kuona si kugusa. Mama yule alikuwa ameliangalia ziwa kwa miaka zaidi ya hamsini, na hajawahi kukaa ndani ya chombo.

Pale pwani palikuwa na shida ya kwanza. Mwenye boti alitaka kuongeza abiria wengine, akisema chombo chake huchukua watu 40 bila taabu. Tukauliza majaketi ya kuelea ni mangapi. Yalikuwa 15. Mzee mmoja wetu akasema kwa upole, “Mwanangu, sisi watu wa milimani hatujui kuogelea. Tupeleke kwa safari mbili, nasi tutakulipa mafuta.” Vijana walinung'unika kwa kuwa muda utapotea, lakini tulimsikiliza mzee. Jambo hili tutalirudia mbele.

Tukafika mahali penye mchanga. Hapakuwa papana kama zamani, kwani mwaka huohuo maji ya ziwa yalikuwa yamepanda na kuingia katika nyumba nyingi za Uvira zilizo karibu na ufuko. Tuliona kuta zilizosimama majini bila paa. Vijana wakaoga. Akina mama wakawasha moto. Wenyeji wa Uvira walileta mikeke ya kuchoma, sombe na ugali wa muhogo, na sisi wa milimani tulileta viazi na maharage. Tukala pamoja, chakula cha juu na chakula cha chini katika sahani moja.

Mchana wavuvi wawili wakatuchukua kwa zamu, watatu watatu, kwa mitumbwi midogo ya kupiga kafi, kwenda kutazama matete. Ndugu zetu wa pwani ya bahari, kama Lamu, Tanga na Rufiji, wao hupita na mitumbwi katikati ya mikoko. Mikoko hupenda maji yenye chumvi, na ziwa letu lina maji baridi. Kwa hiyo kwetu mahali pa mikoko pana matete na mafunjo, hasa upande wa kaskazini ambako mto Ruzizi, utokao Ziwa Kivu, huingia Tanganyika. Wavuvi walituonya tusiende mbali, kwa sababu ya viboko na mamba. Tulikaa pembeni, mahali wanapopita wao kila siku. Ndani ya matete ni kimya sana. Vidagaa wadogo huonekana chini ya maji, kwani samaki wengi hujificha humo wakiwa wachanga.

Katika kimya hicho kijana mmoja aliyetaka kujionyesha aliomba kafi, akasimama, akapiga kafi mara mbili kwa nguvu, na mara ya tatu akaanguka majini. Maji yalimfika kiunoni tu. Aliposimama, gugu la maji lilikuwa limemkaa kichwani sawasawa kama kofia ya Askofu. Hapo mama akacheka. Alicheka mpaka akashika ubavu, mpaka machozi yakamtoka, na mvuvi akacheka kwa sababu ya kicheko chake. Kisha ghafula akanyamaza. Akajifunika kinywa kwa kitenge chake. Baada ya kitambo akatuuliza swali lile.

Sisi tulijibu, “Mama, Mungu ni mwema.” Maneno hayo ni kweli, lakini kwa wakati ule yalikuwa ni kulikimbia swali. Mama alitikisa kichwa kwa adabu, akaangalia maji.

Sababu za kusema kwamba alikosa

Mwalimu mwema wa Kanisa, Mtakatifu Tomaso wa Akwino, alikuwa na desturi nzuri: kabla ya kujibu swali, huleta kwanza hoja za upande wa pili, tena hoja zenye nguvu. Nasi tufanye hivyo, maana swali la mama si la kitoto.

Hoja ya kwanza: mapendo. Ampendaye mtu humhuzunikia. Mama huyu alikimbia Bijombo mwaka 2020. Tangu mwaka 2019 vijiji vingi vya milima ile vilichomwa, ng'ombe waliporwa, na watu wa makabila yote ya pale walikimbia kila mmoja upande wake: Wafuliiru, Wanyindu, Wabembe, Banyamulenge. Kila kabila lina wafiwa wake. Katika kukimbia alimpoteza mwanawe, akazikwa na wengine, mahali asipopajua mama yake. Basi, kama huzuni ndiyo alama ya mapendo, je, siku huzuni inapokatika, mapendo nayo hayajakatika?

Hoja ya pili: haki kwa walio hai. Wakati sisi tunakula mikeke ufukweni, ndugu zetu walikuwa wamelala chini ya maturubai. Wana wa Israeli walipochukuliwa Babeli walitundika vinubi vyao penye miti ya kando ya mito, wakakataa kuimba. Na nabii Amosi aliwakemea vikali waliokuwa wakila na kunywa na kuimba huku taifa lao linaangamia. Je, sisi ni bora kuliko hao?

Hoja ya tatu: mali na muda. Fedha za boti na mafuta zingeweza kununua unga. Na siku nzima ilipita bila jembe, bila kitabu, bila rozari hata moja mpaka jioni.

Hoja hizi tatu, msomaji, usizidharau. Mtu asiyeziona kuwa nzito, moyo wake umekwisha kuwa mgumu.

Bwana Yesu na chombo cha mapumziko

Lakini tufungue Injili ya Marko, sura ya sita. Mitume wamerudi kutoka kazini. Wamechoka hata nafasi ya kula hawana. Tena ni siku za msiba mzito: Yohane Mbatizaji amekwisha kukatwa kichwa, na wanafunzi wake wameuzika mwili wake. Je, Bwana Yesu anawaambia nini mitume? Anawaita waende peke yao mahali pasipo watu, wapumzike kidogo. Nao wanaondoka kwa chombo, juu ya ziwa.

Tazameni vema. Yohane alikuwa jamaa ya Bwana, naye ndiye aliyembatiza. Damu yake ilikuwa haijakauka. Wagonjwa walikuwa bado wengi, wenye njaa walikuwa bado wengi. Na hata hivyo Bwana aliona kwamba rafiki zake wanahitaji chombo, maji, na kimya. Kama kupumzika siku za taabu kungekuwa dhambi, Bwana asingewaita.

Na baada ya Ufufuko, katika Injili ya Yohane sura ya 21, Bwana aliwangojea mitume ufukweni akiwa amewasha moto wa makaa, na samaki juu yake, na mkate. Petro alikuwa amemkana mara tatu. Bwana alimlisha kwanza, kisha akamwuliza kama anampenda. Nasi twaona hapa hekima kubwa: kuna majeraha ya moyo yasiyoguswa kabla mtu hajala na kuota moto.

Mafundisho ya Mtakatifu Tomaso

Mtakatifu Tomaso aliuliza katika Summa yake kama michezo inaweza kuwa na fadhila. Akajibu kwamba ndiyo. Husimulia habari ya kale ya Mtume Yohane: watu walichukizwa kumkuta akicheza na wanafunzi wake. Yohane akamwambia mmoja wao aliyekuwa na upinde apige mshale, kisha mwingine, kisha mwingine. Halafu akamwuliza kama anaweza kuendelea hivyo daima. Yule akajibu kwamba upinde ungevunjika. Ndivyo ilivyo roho ya mtu, asema Yohane: ukiivuta siku zote bila kuilegeza, huvunjika. Wawindaji wetu wa milimani walijua jambo hili bila kusoma Summa, kwani hakuna aliyetundika upinde wake nyumbani ukiwa umevutwa.

Tena Tomaso aliongeza neno ambalo watu wacha Mungu hulisahau mara nyingi: kwamba mtu asiyecheka kamwe, tena anayewazuia wengine wasifurahi, naye ana kosa. Kumlemea mwenzako kwa uso wa kununa si utakatifu.

Lakini linaloligusa zaidi swali la mama ni fundisho lake lingine, juu ya dawa za huzuni. Anataja tano. Ya kwanza ni furaha yoyote iliyo njema, kwa kuwa furaha ni kwa huzuni kama mapumziko ni kwa uchovu. Ya pili ni machozi yenyewe. Ya tatu ni rafiki wanaokuhurumia. Ya nne ni kuitafakari kweli. Na ya tano, msishangae, ni usingizi na kuoga. Mtakatifu Augustino naye alikuwa ameandika jinsi alivyokwenda kuoga mama yake Monika alipofariki huko Ostia mwaka 387. Kuoga hakukumsaidia, lakini alipolala na kuamka alijisikia afadhali kidogo, na ndipo akaweza kulia mbele ya Mungu.

Tulipoyasoma haya tena baada ya safari, tulishangaa. Siku ile ya ziwani dawa zote tano zilikuwapo. Mama alifurahi, akatokwa machozi, akazungukwa na watu wanaomjua, akauliza swali la kweli, na maji ya ziwa yakamwosha miguu. Hakuna mganga aliyepanga hivyo. Twaamini Mwenyezi Mungu ndiye aliyepanga.

Kuzijibu hoja

Sasa tuzijibu hoja moja moja.

Juu ya hoja ya kwanza, twasema kwamba huzuni ni mtoto wa mapendo, lakini si mapendo yenyewe. Mtoto hukua na kuondoka nyumbani, mzazi hubaki. Mfalme Daudi alipokuwa na mwana mgonjwa alifunga, akalala chini, akalia. Mtoto alipokufa aliinuka, akaoga, akaenda nyumbani mwa Bwana kusali, kisha akala. Watumishi walishangaa kama mama alivyojishangaa mwenyewe. Lakini Daudi hakumpenda mwanawe kidogo kuliko jana.

Tena sisi Wakatoliki tunajua jambo ambalo wapagani hawakulijua vizuri. Huzuni yetu haimfikii marehemu. Sala humfikia. Misa Takatifu humfikia. Sadaka tunayomtolea maskini kwa nia ya marehemu humfikia. Mama akikaa mwaka mzima bila kucheka, mwanawe hapati chochote kwa hayo. Akimwombea Baba Yetu mmoja kwa imani, mwanawe anapata. Kwa hiyo kumkumbuka marehemu si kujinyima kicheko, ni kumwombea. Na mtu aliyepumzika kidogo husali vizuri zaidi kuliko mtu aliyevunjika.

Hapa tuongeze jambo moja la desturi zetu. Zamani kila kilio kilikuwa na siku yake ya kwisha. Matanga yalianuliwa mbele ya ukoo wote, watu wakanyoa, wakaoga, wakala pamoja, na tangu siku ile mfiwa alikuwa na ruhusa ya kucheka bila kusemwa. Ilikuwa hekima. Lakini vita vilimnyima mama hata siku hiyo. Hakumzika mwanawe, hakukaa matanga, wala hapakuwa na mzee wa ukoo wa kumwambia, “Mama, sasa inatosha.” Kilio kisicho na mwanzo hakiwezi kupata mwisho. Ndiyo sababu alikiogopa kicheko chake: hakuna aliyempa ruhusa. Na labda ndugu wa namna hiyo ni wengi sana katika parokia zetu, watu wanaokaa matanga miaka mitano bila mtu kujua.

Juu ya hoja ya pili, twasema kwamba wale wa Babeli walikataa kuimba kwa ajili ya kuwachekesha waliowateka. Hawakukataa furaha yote. Nabii Yeremia aliwaandikia hukohuko uhamishoni wajenge nyumba, wapande bustani, waoe na kuoza, na kuutafutia amani mji walimohamishiwa. Watu hawaoi bila ngoma! Naye Amosi hakuwakemea wale matajiri kwa sababu waliimba, bali kwa sababu maangamizi ya ndugu zao hayakuwaumiza. Tofauti ni kubwa. Kuna furaha inayofunga dirisha ili kilio cha jirani kisiingie; hiyo ni dhambi. Na kuna furaha ya mtu ambaye analia pia. Hiyo ni neema. Mama aliyeuliza “Je, nimekosa?” alikuwa mbali sana na watu wa Amosi, maana wao hawakuuliza kamwe.

Juu ya hoja ya tatu, tukumbuke kwamba ndani ya Injili aliyesema marhamu ya thamani ingeuzwa na kupewa maskini ni Yuda. Lakini tusijifiche nyuma ya neno hilo. Safari ya kila wiki ingekuwa anasa. Safari moja katika maisha, kwa watu waliotembea kwa miguu kutoka milimani, si anasa. Papa Leo XIII katika barua yake Rerum Novarum ya mwaka 1891 alifundisha kwamba mapumziko ni haki ya mfanyakazi, wala si zawadi ya bwana wake. Hata ziwa hupumzika. Wavuvi wetu wa taa hulala usiku wa mbalamwezi, kwa sababu ndagala hawafuati taa mwezi unapong'aa. Na mwaka 2024 Tanzania ilifunga uvuvi katika Ziwa Tanganyika tangu tarehe 15 Mei mpaka tarehe 15 Agosti, ili samaki wapate kuzaa. Ikiwa samaki wanahitaji miezi mitatu, je, mama aliyefiwa asipate mchana mmoja?

Masharti matatu

Lakini msomaji asidhani kwamba tumesema furaha yote ni njema. Mtakatifu Tomaso aliweka masharti: mchezo usiwe wa aibu wala wa kumdhuru mtu, tusipoteze kabisa utulivu wa roho, na uwe wa kufaa kwa mtu, wakati na mahali. Tuyatumie kwa maneno yetu.

Kwanza, furaha isihatarishe uhai. Tulisema tutarudi kwa mzee wetu na majaketi 15. Wiki saba hazijapita tangu safari yetu, tarehe 3 Oktoba 2024, chombo kilichotoka Minova kikiwa kimejaza watu kupita kiasi kilizama katika Ziwa Kivu karibu kabisa na Goma, mbele ya macho ya watu waliokuwa bandarini. Na huko Tanzania, tarehe 20 Septemba 2018, kivuko MV Nyerere, kilichoruhusiwa kuchukua abiria 101, kilipinduka karibu na kisiwa cha Ukara, wakafa watu zaidi ya 220. Kuongeza mtu mmoja juu ya chombo kwa ajili ya nauli si ujanja wa biashara. Ni jambo la amri ya tano. Na abiria anayekubali kukaa juu ya mwenzake ili awahi, naye ajihoji.

Pili, furaha yetu isijengwe juu ya jasho lisilolipwa. Ili sisi tupumzike, wengine walifanya kazi: mwenye boti, wavuvi wawili waliokuwa wamekesha usiku, akina mama waliokaanga. Vijana wetu walitaka kuwapunguzia wavuvi bei walioipatana, wakisema, “Wao wapo majini kila siku, si kazi kwao.” Tulikataa. Mapumziko ya mmoja yasiwe unyonge wa mwingine.

Tatu, furaha isifunge mlango. Na hapa tunakiri kosa letu. Wakati wa kula walikuja watoto saba au wanane kutoka zile nyumba zilizoingiliwa na maji. Walisimama mbali kidogo, wakitazama sufuria. Sisi wenyewe tuliosoma Marko sura ya sita tulimwambia kijana mmoja, “Waambie waende kwanza, tuna hesabu ya watu.” Ni maneno yaleyale ya mitume, waliotaka umati upelekwe ukajinunulie chakula! Bwana alikuwa amekwenda kupumzika, akakuta umati, akauhurumia, akawaketisha juu ya majani mabichi, akawalisha watu elfu tano. Mapumziko yake yalikatizwa, naye hakukasirika. Aliyetuokoa siku ile ni mama yuleyule. Hakusema neno. Alisogea tu juu ya mkeka, akaonyesha nafasi kwa mkono. Watoto wakaketi. Chakula kilitosha, hatusemi kwamba kilizidi vikapu kumi na viwili, lakini kilitosha.

Baadaye ndipo aliingia katika mtumbwi, na ndipo alipocheka. Twadhani mambo haya mawili hayako mbali. Aliyetoa nafasi kwa watoto wa wengine, Mungu alimpa nafasi moyoni mwake mwenyewe.

Jibu letu

Basi, tukirudi katika mtumbwi ule, tungejibu hivi:

“Hapana, mama, hukukosa. Kicheko chako hakikumfukuza mwanao. Mungu aliyempokea ndiye aliyekupa pumzi ya kucheka. Ukifika nyumbani mwombee, na siku ya Dominika mtajie padri jina lake, asomewe Misa; na tukirudi milimani siku ya amani, tutakusindikiza kulitafuta kaburi. Lakini kwa leo, mama, inatosha. Cheka.”

Siku ya amani bado haijafika. Mwezi wa Desemba 2025 vita viliingia hata Uvira yenyewe, na watu wengi walivuka kwenda Burundi wakiwa na mizigo kichwani, wakiuacha ufuko ule tuliokalia. Ndiyo maana tumeona ni wajibu kuliandika jibu hili sasa, wala si kungoja siku njema. Watu wengi zaidi watakuja kuulizana swali la mama.

Wasomaji wapenzi, twawaomba jambo moja tu. Mtazameni jirani yenu aliyefiwa zamani na ambaye hakukaa matanga. Msingoje awaombe. Mkaribisheni: kama mna ziwa, mpelekeni ziwani, kama hamna, mketisheni chini ya mti na kumpikia viazi. Na siku atakapocheka, halafu akajifunika kinywa, msikimbie kama sisi tulivyokimbia kwa neno la haraka. Mshikeni mkono, mwambieni imetosha, kisha msali naye kwa ajili ya marehemu wake.

Wenye Heri wafiadini wa Baraka na Fizi, mtuombee.